Miaka Hamsini Haianzii Kanisani

Familia ya Gachoka, kule Mbeere Kusini, ikikaa kupanga jubilii ya ndoa ya wazazi, ugomvi huanza kabla hata ya hema na keki: miaka hamsini inahesabiwa tangu lini? Mmoja hutaja mwaka ambao baba alipeleka mbuzi na pombe ya asali kwa wakwe. Mwingine, aghalabu yule mwenye cheo kanisani, hushikilia kwamba hiyo haikuwa ndoa. Mama avalishwe shela kwanza, ndipo hesabu ianze.

Imani hiyo imeenea sana, nayo ni potofu.

Kanisa lina haki ya kuamua nani apokee sakramenti zake. Lakini kudai kwamba waliooana kimila mwaka 1974, Bwawa la Kamburu lilipokamilika, wameishi kinyumba tu nusu karne nzima ni kuwavunjia heshima. Misheni ya Kigari, karibu na mji wa Embu, ilianzishwa 1910. Je, kabla ya hapo Wambeere walikuwa hawaoani? Tena mahari hayakulipwa kwa siku moja. Yalikwenda miaka, na kila mbuzi alikuwa na mashahidi wake.

Sheria ya Ndoa ya Kenya ya 2014 inatambua aina tano za ndoa, ya Kikristo na ya kimila zikiwemo, na zikishasajiliwa zote zina hadhi sawa. Pale mila inapodai mahari, hata sehemu ndogo iliyotolewa yatosha kuwa ushahidi.

Kinachowaponza wengi ni usajili wa ndoa za kimila, ulioanza Agosti 1, 2017. Michango hutolewa ya spika na fulana za sare, lakini cheti hakuna anayekikumbuka. Mume akifariki, mjane huenda akatakiwa kuthibitisha kortini kwamba alikuwa mke. Katika kesi ya Hortensiah Wanjiku Yawe, 1976, mahakama ya rufaa ilikubali kwamba kuishi pamoja kwa muda mrefu kunaweza kuhesabiwa kuwa ndoa. Januari 2023, Mahakama ya Juu ilisema dhana hiyo itumike kwa nadra.

Kwa kuwa mume na mke hutakiwa kufika wote wawili mbele ya msajili, kazi ya kusajili ndoa haingoji matanga. Kamati ya jubilii iwatafute wazee walioshuhudia mahari wangali hai, ikodi matatu, iwapeleke wao na wanandoa kwa msajili mjini. Mama akilitaka shela, litafutiwe Jumamosi nyingine.