Mbaruti: Dawa Katika Jani, Sumu Katika Mbegu

Wasomaji wa Biblia ya Kiswahili wanalijua neno mbaruti kutoka Injili ya Mathayo, ambamo hutajwa kwa mfano wa mmea usiotazamiwa kuzaa tunda jema. Lakini mmea ambao watu wengi wa Afrika Mashariki huuonyesha wanapoulizwa mbaruti ni upi, ule wa majani yenye mabaka meupe, miiba kila mahali na ua la manjano, haukujulikana katika Palestina ya zama zile. Asili yake ni Mexico, ambako Waazteki waliuita chicalotl. Mwaka 1753 Linnaeus aliupa jina la kitaalamu, Argemone mexicana. Kwa mkulima hilo ni jambo dogo, kwa kuwa mwiba ni mwiba. Kwa mwenye kutafuta dawa si dogo hata kidogo.

Mibaruti ambayo wataalamu wa mimea wangeikubali kuwa ya kweli imo katika jamii ya alizeti. Mmoja wao, Carduus keniensis, huota katika nyanda za juu za Mlima Kenya. Ukilipasua ua lake utaona kwamba si ua moja, bali ni vijiua vingi vilivyobanana katika kichwa kimoja. Argemone haina kichwa cha namna hiyo. Ua lake ni moja, lenye petali nne hadi sita na stameni nyingi. Tunda lake kavu lenye miiba hupasuka upande wa juu na kumwaga mbegu ndogo nyeusi. Na shina likivunjwa hutoka utomvu wa manjano. Mmea huu ni wa jamii ya ule utoao afyuni. (Kiswahili hakikukosea: kiliipanga mimea kwa maumivu ya mguu, na sayansi ikaipanga kwa ua.)

Jamii hiyo ni mashuhuri kwa alkaloidi zake, na Argemone haikunyimwa fungu lake. Katika nchi nyingi utomvu wake hupakwa juu ya chunjua na magonjwa ya ngozi, na majani yake huchemshwa yakanywewa kwa homa. Mbegu ni habari nyingine kabisa. Zina mafuta mengi, na ndani ya mafuta hayo mna sanguinarini, sumu inayoilegeza mishipa midogo ya damu hata maji yakavuja mwilini. Miguu huvimba, pumzi hukatika, moyo hushindwa, na shinikizo la jicho laweza kupanda hadi kuharibu uwezo wa kuona. Ugonjwa huo ulitambuliwa Calcutta mwaka 1877. Chanzo chake kikuu kimekuwa kuchanganyika kwa mbegu hizi na zile za haradali, ambazo zinafanana nazo sana. Mwaka 1998 mafuta ya haradali yaliyochanganywa hivyo yaliuzwa Delhi. Watu wapatao 3,000 walilazwa hospitalini na zaidi ya 60 wakafariki.

Mmea huohuo, nchini Mali, ulileta habari tofauti. Watafiti hawakuanzia maabara. Walikwenda nyumba kwa nyumba wakauliza: mgonjwa wa malaria alipewa nini, na baada ya hapo alikuwaje? Kati ya mimea zaidi ya 60 iliyotajwa, Argemone ndiyo iliyofuatwa na matokeo mema zaidi. Wakapima kipimo cha kunywa, kisha wakalinganisha maji yaliyochemshwa majani yake na dawa ya artesunate pamoja na amodiaquine. Katika majaribio yaliyotangazwa mwaka 2010, wagonjwa walikuwa 301. Miongoni mwa waliokunywa mbaruti, asilimia 89 hawakuhitaji dawa ya pili. Kwa waliomeza vidonge walikuwa asilimia 95. Hata hivyo vimelea havikuisha katika damu ya wengi waliotumia mmea huo, kwa hiyo haistahili mtu yeyote kuacha dawa ya hospitali kwa sababu ya habari hizi.

Kwa hiyo bwana shamba asemaye kwamba mbaruti ni magugu tu, na muuza chupa asemaye kwamba ni dawa ya kila kitu, wote wawili wamesema nusu ya neno. Kosa la huyu wa pili ni kubwa zaidi. Sentensi “mmea huu ni dawa” haijakamilika mpaka isemwe ni mmea upi, sehemu ipi, imetayarishwaje, na kwa kiasi gani. Mtu aliyeambiwa “chemsha mbaruti” aweza kuchemsha mmea wa jamii ya alizeti akakosa dawa, au kuichemsha Argemone pamoja na matunda yaliyokomaa akapata sumu.

Tanzania ilianza mapema kuitazama tiba ya asili kwa jicho la utafiti, kwa kitengo kilichoundwa mwaka 1974 katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, kilichokuwa taasisi mwaka 1991. Yafaa kazi ya kukusanya habari za waganga isikomee katika kuandika majina. Kila jina lifuatane na tawi lililokaushwa, lenye ua na tunda, likitajwa mahali lilipochumwa, ili mtaalamu wa mimea alitambue. Na mashinani, pale ambapo alizeti na ufuta hukamuliwa katika mashine ndogo za vijijini, mbegu zipepetwe na kutazamwa kabla ya kuingizwa: mbegu nyeusi ya mviringo, yenye ngozi iliyokunjamana kama wavu, itolewe.