NENO LA MWEZI: MADINI JOTO

Ndugu msomaji, chukua mfuko wa chumvi ulionunua dukani. Soma maneno yaliyo juu yake. Utaona: chumvi yenye madini joto. Sasa tazama maandishi madogo. Katika mifuko mingi utakuta jina jingine, refu, la kitaalamu. Huandikwa kwa herufi za kigeni, lakini kwa Kiswahili tunalisoma hivi: po-ta-si-a-mu a-yo-de-ti. Lisome tena bila kukata. Potasiamu ayodeti.

Hilo ndilo neno letu mwezi huu.

Tumepata swali kutoka kwa msomaji wa Heru Juu, huko Kasulu. Yeye ni mama mjamzito. Anauliza: "Madini joto ni chumvi yenye moto? Mama mkwe wangu huiosha kwanza chumvi ya mawe ili ipoe, kisha ndiyo tunaipikia. Anasema joto lake litamdhuru mtoto tumboni."

Swali hili ni zuri, na jibu lake ni la haraka kwa sababu mtoto yupo njiani. Mama, chumvi hiyo msiioshe. Tutaeleza sababu.

Kwanza jina. Madini joto ni jina la Kiswahili la kitu kiitwacho aidini. Wengi mnaijua aidini. Ni ile dawa ya rangi ya kahawia ambayo mganga wa zahanati hupaka kwenye kidonda, nayo huwasha. Lakini iliyo katika chumvi haiwashi, haina rangi wala harufu. Haina moto hata kidogo. Ukiweka chumvi hiyo mkononi, ni baridi kama chumvi nyingine yoyote.

Mbona basi ikaitwa joto? Shingoni mwa kila mtu, mbele, chini kidogo ya koo, pana tezi ndogo yenye umbo kama la kipepeo. Tezi hiyo hutumia aidini kutengeneza kitu kinachouamuru mwili ukue, ubongo ukomae, na mwili upate joto lake. Mtu ambaye tezi yake haifanyi kazi vizuri huona baridi wakati wenzake hawaoni. Huwa mzito, mchovu, mwenye usingizi mwingi. Kwa hiyo joto linalotajwa ni joto la uhai wa mwili, si joto la jiko. Kwa maoni yetu jina hili lingeweza kuchaguliwa vizuri zaidi, maana limewatisha wengi. Lakini ndilo lililozoeleka, nasi tulielewe.

Sasa jina la kitaalamu. Jina la mtu kwetu hutaja baba yake na babu yake, ukajua ametoka wapi. Jina la kemikali nalo hutaja vitu vilivyoungana kuitengeneza. Wataalamu huliandika jina letu kwa kifupi hivi: KIO3. Herufi tatu na tarakimu moja.

K ni potasiamu. Utauliza, mbona si P? Ni kwa sababu kitu hicho kina jina jingine, kaliamu, ambalo asili yake ni neno la Kiarabu linalohusu majivu. Na kweli, potasiamu imo tele katika majivu. Wazee waliochuja maji ya majivu ili kulainisha mboga walikuwa wakitumia potasiamu bila kuijua kwa jina.

I ni aidini. Iligunduliwa Ufaransa mwaka 1811 na Bernard Courtois. Alikuwa akishughulika na majivu ya majani ya baharini, akaona moshi wa rangi ya zambarau ukipanda. Jina la aidini limetokana na neno la Kigiriki la rangi hiyo.

O ni oksijeni, hewa ileile tunayovuta. Tarakimu 3 maana yake oksijeni zipo tatu kwa kila aidini moja.

Sikiliza sasa mwisho wa jina, maana hapo ndipo penye kazi. Kuna potasiamu ayodeti, na kuna ndugu yake, potasiamu ayodaidi. Ayodaidi ni potasiamu na aidini peke yake, haina oksijeni. Zote mbili zinaweza kutiwa katika chumvi. Lakini ayodaidi haivumilii jua, unyevu na hewa. Chumvi ikikaa, aidini hujitenga na kupaa, mfuko ukabaki na chumvi tupu. Ayodeti ni ngumu zaidi. Huvumilia gunia lililolowa njiani na duka lenye joto. Ndiyo maana katika nchi zetu za mvua na jua kali hutumiwa ayodeti. Silabi mbili tu za mwisho, de-ti badala ya dai-di, na faida inafika mpaka kijijini.

Kiasi kinachohitajika ni kidogo cha kushangaza. Mtu mzima anahitaji kama sehemu 150 kwa siku, ambapo gramu moja ina sehemu hizo milioni moja. Aidini ya kumtosha mtu kwa miaka 60 haijazi kijiko cha chai. Lakini mwili hauwezi kuweka akiba ya miaka. Lazima uipate kidogo kidogo, siku zote. Chumvi ilichaguliwa kuibeba kwa sababu tajiri na maskini hula chumvi kila siku, na karibu kwa kiasi kilekile.

Mtauliza, wazee wetu waliishije? Wengine waliishi na rovu. Nani wa umri mkubwa hakuwahi kumwona mtu mwenye uvimbe mkubwa shingoni? Wengine walisema karogwa, wengine walisema ni ugonjwa wa ukoo. Sababu iko katika udongo. Aidini huchukuliwa na maji. Mvua za miaka maelfu zimeiosha katika nchi za milima na kuipeleka baharini. Mahindi, maharage, ndizi na muhogo huota vizuri bila aidini, kwa hiyo shamba laweza kuwa la kijani kibichi na chakula chake kikakosa madini hayo. Samaki wa baharini wana aidini ya kutosha. Dagaa wa Ziwa Tanganyika ni chakula bora sana, lakini ni wa maji yasiyo na chumvi, hawawezi kuchukua nafasi ya wale wa baharini.

Na muhogo una jambo lake. Muhogo mchungu una sumu iitwayo sianidi. Usipolowekwa na kukaushwa vizuri, sumu inayobaki hugeuzwa mwilini kuwa kitu kinachoizuia tezi kuchukua aidini. Hapo hata ile aidini kidogo iliyopo haitumiki. Kwa hiyo endeleeni kuloweka muhogo siku zote zinazohitajika, msifupishe kwa sababu ya haraka.

Mwenyeji wa mkoa wa Kigoma ataweza kusema: "Sisi tuna Uvinza. Chumvi tumekuwa nayo tangu zamani." Ni kweli. Chemchemi za maji ya chumvi za Uvinza zimechemshwa na watu kwa zaidi ya miaka elfu moja. Burton na Speke walipopita huko mwaka 1858 waliikuta kazi hiyo na biashara yake imeshamiri. Lakini munyu na aidini ni vitu viwili. Chumvi yenyewe kwa jina la kitaalamu ni sodiamu kloraidi, na katika jina hilo aidini haimo. Hata chumvi iliyokaushwa kwa maji ya bahari huwa na aidini kidogo mno. Lazima itiwe kiwandani, na ndiyo maana iandikwe kwenye mfuko.

Tanzania ilianza na vidonge vya mafuta yenye aidini, vilivyogawiwa katika wilaya zilizoathirika sana. Katika miaka ya 1990 zikatungwa kanuni za kutaka chumvi ya kuliwa itiwe madini joto. Matokeo yalionekana. Katika wilaya 16 zilizokuwa na hali mbaya, watoto 61 kati ya kila 100 wa shule walikuwa na tezi iliyovimba katika miaka ya 1980. Mwaka 2004 walibaki kama 12. Wachawi wa wilaya zile hawakuhama. Kilichobadilika ni chumvi.

Sasa turudi kwa mama wa Heru Juu. Rovu laonekana, lakini hasara kubwa ya kukosa aidini haionekani shingoni. Iko tumboni. Ubongo wa mtoto hujengwa kabla hajazaliwa, na hutegemea aidini ya mama yake. Mama mjamzito anahitaji zaidi, kama sehemu 250 kwa siku. Akikosa kabisa, mimba yaweza kutoka, au mtoto akazaliwa bubu, kiziwi, mfupi, mwenye akili isiyokua. Akikosa kidogo, mtoto huzaliwa mzima machoni mwa watu, lakini darasani huwa mzito, naye hupigwa na kuitwa mvivu. Huyo hana kosa. Na akishakua hivyo, chumvi ya baadaye haiwezi kumrudishia kilichopotea.

Ndiyo sababu kuosha chumvi ni hatari. Kiwandani ayodeti huyeyushwa katika maji na kunyunyiziwa juu ya chumvi. Inakaa nje ya punje, si ndani. Ukiiosha chumvi ya mawe, unaimwaga ayodeti pamoja na maji. Unabaki na chumvi safi isiyo na faida ile. Kama ina mchanga, nunua nyingine iliyo safi.

Tunajua si rahisi kumwambia mama mkwe kwamba hajui. Wala si hivyo. Anamlinda mjukuu, ila jina limempotosha. Mwambie kwa heshima: "Mama, mfuko huu nimeusoma. Joto lake si la moto, ni chakula cha mtoto." Mkienda kliniki, nendeni pamoja, mwombe muuguzi amweleze. Mahali penye kichupa cha kupimia chumvi, mwombe amwonyeshe. Tone moja huigeuza chumvi yenye madini joto kuwa ya buluu. Isiyo nayo hubaki nyeupe.

Nyumbani, iweke chumvi katika chombo chenye kifuniko, mbali na jiko na jua. Itie katika mboga karibu na kuipua. Wala usizidishe chumvi kwa kudhani utapata aidini zaidi. Kijiko kimoja cha chai kwa mtu mzima kwa siku kinatosha, na kupita hapo kunapandisha shinikizo la damu.

Sokoni, chumvi nyingi hupimwa kwa kikombe kutoka kwenye gunia. Hapo mnunuzi haoni maandishi. Mwambie mwenye duka: "Ndugu, nionyeshe gunia lake." Kama gunia limeandikwa madini joto, pima. Kama halina maandishi, au ni chumvi ya ng'ombe, tafuta duka jingine.

Mwenye rovu la siku nyingi asidhani chumvi italiondoa. Rovu kubwa lililokomaa kwa kawaida halirudi. Aende hospitali likatazamwe, hasa kama linambana koo, au kama moyo unamwenda mbio na anakonda bila sababu.