Msiwasingizie Wakama

Kila Krismasi kijijini kwetu Muleba hakosi mtu wa kusema kwamba Wahaya tungekuwa mbali kama tungerudisha umoja wa wakama wetu. Mwaka jana aliyesema ni binamu yangu, msomi mwenzangu, glasi ya rubisi mkononi. Akaongeza kuwa Wairokwoi wa Amerika Kaskazini walikuwa na shirikisho lao na sisi tulikuwa na letu. Wazee wakapiga makofi. Bahati mbaya muhula ule nilikuwa nimeandika insha ya shahada ya uzamili kuhusu watu haohao. Nikashindwa kunyamaza.

Umoja upi? Kiziba ilikuwa ya Wabito. Karagwe, Ihangiro na Kianja zilikuwa za Wahinda waliodai babu mmoja, Ruhinda, lakini kila moja ilikuwa na mkama wake, ngoma zake na mipaka yake ya kugombania. Emin Pasha alipoweka kituo cha Wajerumani Bukoba mwaka 1890, kila mkama alijipigia hesabu zake. Kahigi wa Kianja alizipiga vizuri kuliko wote: akashirikiana na Wajerumani na eneo lake likapanuka kwa hasara ya majirani. Baraza la wakama wanalolililia wazee wetu ni la enzi za Waingereza, nalo lilikaa chini ya jicho la mkuu wa wilaya. Muungano unaoitishwa na mtawala ili apate wa kumkusanyia kodi, mimi siuiti shirikisho.

Wairokwoi, ambao wenyewe hujiita Haudenosaunee, watu wa nyumba ndefu, hawakuitishwa na mkuu wa wilaya. Mohawk, Oneida, Onondaga, Cayuga na Seneca walichoka kuuana, wakawasha moto mmoja wa baraza kwa Onondaga. Viti hamsini, na uamuzi ni hadi wote wakubaliane. Waliotafsiri muungano huo maishani ni koo. Mtu wa ukoo wa Mbwa Mwitu kutoka Mohawk akifika kwa Seneca, nchi asiyoijua, alipokewa na watu wa Mbwa Mwitu kama ndugu.

Hapo ndipo nilipomwambia binamu yangu: hili tunalo. Koo zetu nazo hazikuheshimu mipaka ya wakama. Mtu wa Ihangiro akimkuta Kiziba mwenye muziro kama wake, amepata ndugu, na haruhusiwi kumuoa binti wa nyumba ile hata awe mrembo kiasi gani. Na umoja wa kisiasa uliovuka mipaka ya falme kwa hiari, Bukoba Bahaya Union ya mwaka 1924, uliundwa na makarani, walimu na wafanyabiashara, wakagongana na wakama haohao tunaotaka kuwarudisha. Mbona hao hatuwapigii makofi?

Binamu akacheka, akasema sawa, basi turudishe nguvu ya koo. Kimya kikanishika, kwa sababu niligeuka nikamwona shangazi.

Alikuwa amekaa nje ya duara, kwenye mkeka karibu na migomba, akichambua senene. Dakika chache kabla, wanaume wa ukoo walikuwa wamejadili kibanja alicholima tangu ndoa yake ivunjike. Waliamua kila kitu bila kumwita. Kwa Haudenosaunee ukoo hufuata upande wa mama. Mashamba yalikuwa mikononi mwa wanawake, na ni mama wa ukoo anayemteua mtu wa kukaa barazani na kumvua cheo akipotoka. Binamu yangu aliliazima shirikisho lao, nusu hiyo akaiacha hukohuko Amerika.

Tena tusiseme ni mila tu. Mwaka 1963 Tanganyika huru ilifuta uchifu. Mwaka huohuo ikatangaza sheria za kimila za urithi, kwa maandishi: mwanamke anaweza kuitumia ardhi ya ukoo, kuiuza hawezi. Kiti cha mkama kikaondoka, mlango uliomfungia shangazi ukawekewa kufuli la serikali. Aliyelitikisa ni mwanamke wa hapahapa Muleba. Aliuza shamba aliloachiwa na baba yake kwa wosia, mtoto wa ndugu yake akamshtaki. Kesi ikapanda hadi Mahakama Kuu Mwanza, na mwaka 1990 Jaji Mwalusanya akaamua kwamba anaweza kuuza kwa masharti yaleyale ya mwanamume. Nimeshamaliza miaka miwili chuo kikuu na bado nakutana na vijana wa Kagera wanaolijua jina la Rumanyika aliyempokea Speke mwaka 1861, hukumu hii hawajawahi kuisikia.

Niliwaeleza hayo yote, kwa sauti kubwa kuliko adabu inavyoruhusu. Baba mdogo akasema chuo kimeniharibu. Shangazi hakusema neno, ila aliacha kuchambua senene.

Desemba hii kikao kipo tena. Nimempigia baba mdogo kumwambia nitakuja na nakala ya hukumu, na kwamba shangazi atakaa kwenye kiti. Akakaa kimya kidogo, kisha akaniuliza kama nitapita Bukoba mjini, niwaletee kreti ya soda.