Mdai Haki ya Kodi Apande Ngazi kwa Ngazi

Kila askari anajua kwamba malalamiko hupitia ngazi. Mwenye kinyongo na sajini wake haendi moja kwa moja kwa Mkuu wa Majeshi. Huanza kwa kamanda wake, na asiporidhika ndipo hupanda juu. Anayeruka ngazi hurudishwa chini, hata kama madai yake ni ya kweli. Katika mambo ya kodi, sheria ya Uganda inafuata utaratibu uo huo.

Huenda msomaji akasema kwamba jambo hili halimhusu, kwani mshahara wa askari wa jeshi, polisi na magereza umesamehewa kodi ya mapato. Ni kweli, lakini msamaha huo ni wa mshahara tu. Nyumba ya kupangisha na duka havimo. Hapo ndipo barua ya adhabu humfikia afande, naye kwa hasira akatafuta wakili ili aishtaki Mamlaka ya Mapato katika Mahakama Kuu.

Hasira hiyo humpotezea haki. Ibara ya 152 ya Katiba ya mwaka 1995 iliagiza Bunge liunde mabaraza ya kodi, na sheria ya Baraza la Rufaa za Kodi ikapitishwa mwaka 1997. Wapo waliodhani kwamba, kwa kuwa Mahakama Kuu ina mamlaka yasiyo na mpaka, waweza kuanzia huko. Mwaka 2017 Mahakama ya Juu, katika shauri la Mamlaka dhidi ya Rabbo Enterprises na Mt. Elgon Hardwares, ilikata mzizi wa fitina: mgogoro wa kodi huanzia Barazani, na Mahakama Kuu huupokea kwa njia ya rufaa.

Basi hatua ni hizi. Kwanza, andika pingamizi kwa Kamishna Mkuu katika muda wa siku 45 tangu kupokea uamuzi. Yeye naye amewekewa siku 90 za kujibu. Usiporidhika, peleka shauri Barazani katika siku 30. Ukishindwa huko, una siku 30 nyingine za kukata rufaa Mahakama Kuu, lakini kwa hoja za sheria tu. Kwa hiyo risiti na ushahidi wote uletwe mapema, usiwekwe akiba ya baadaye.

Hatusemi kwamba ngazi hii ni nyepesi. Kwa kawaida, aendaye Barazani hutakiwa kulipa kwanza asilimia 30 ya kodi iliyokadiriwa, au sehemu asiyoipinga, iliyo kubwa kati ya hizo. Kwa mtu wa kipato kidogo huo ni mzigo. Tena askari aliye mstari wa mbele huko Somalia aweza kurudi nyumbani akakuta siku 45 zimekwisha. Sheria huruhusu kuomba muda kwa maandishi, na haki yadai kwamba wakubwa wa kodi walipokee ombi la namna hiyo kwa moyo mweupe.

Lakini ugumu wa ngazi si sababu ya kuiruka. Sisi tunaowadai raia watii utaratibu hatuna budi kuutii wenyewe. Barua ikifika, ndugu askari, hesabu siku, wala usiifungie kabatini.