Mwalimu bila matrikile si mtumwa wa leta



Siku ya malipo iliyopita hapa Bunia, mwalimu mmoja wa darasa la pili alifika gishe na barua yake ya kupangiwa kazi ndani ya kifuko cha plastiki. Karani akapitisha kidole kwenye listi: "Jina lako halimo, mama. Rudi mwezi ujao." Kati yetu tuliokuwa mstarini, baadhi wakacheka, kwa kuzoea tu. Kicheko kile kiliniuma kuliko maneno ya karani.

Sababu za majina kukosekana mnazijua. Tangu Septemba 2019 shule ya msingi ya leta ni bure, madarasa yamefurika, prime ya wazazi imekoma, na Kinshasa haijawaingiza wote kwenye listi. Ndiyo hao NU wasio na matrikile, yaani namba ya kazi, na NP wenye namba bila mshahara. Vita vya Djugu navyo vimewaleta wengine mjini pamoja na wanafunzi wao.

Lakini aibu ni yetu sote! Mtoto wako amejua kusoma kwa jasho la mwalimu huyu, nawe unamwita mtu wa kujitolea, kana kwamba aliomba njaa. Katiba, kifungu cha 36, inadai malipo ya haki. Kifungu cha 27 kinamruhusu kila Mkongomani kupeleka ombi kwa mamlaka, peke yake au na wenzake. Mamlaka ijibu ndani ya miezi mitatu, na asishtakiwe mtu kwa ajili hiyo. Mei 2021 jimbo letu liliwekwa mikononi mwa wanajeshi, na kuandamana ni hatari. Kuandika hakujakatazwa.

Kenya wametutangulia. Aprili 2024, Mahakama ya Ajira huko Nairobi iliamua kwamba tume ya walimu ilivunja haki za walimu waliohitimu kwa kuwaajiri kama wanagenzi. Kesi ilifunguliwa na shirika la raia. Raia, jamani!

Basi kila shule, Mudzipela hadi Nyakasanza, ifungue daftari: jina, mwaka wa kuanza kazi, darasa, aliyetia sahihi barua. Mkurugenzi apige muhuri. Fotokopi moja ikae shuleni, nyingine parokiani au msikitini, ya tatu kwa avoka. Atakayepeleka ombi kwa mamlaka pamoja na majina hayo asiondoke bila muhuri wa kupokelewa wenye tarehe, hata akikalishwa hadi saa kumi jioni, maana miezi mitatu itahesabiwa kutoka hapo. Wakinyamaza, twende mahakamani na karatasi mkononi. Pesa za avoka tutazichanga, kila mtu kwa uwezo wake. Wabunge wetu nao waamke, kama bado wanatukumbuka.

Wazazi, msiseme ni mambo ya walimu: tieni sahihi. Mapadri, wachungaji, maimamu, tangazeni. Na sisi tunaopokea mshahara, tuwe wa kwanza: kabla ya malipo yajayo, jina la kila mwenzetu asiyelipwa liwe limeandikwa.