Kombe la Shirikisho lirudi katikati ya nchi

Mei 27, 2017, Simba waliingia Uwanja wa Jamhuri mjini Dodoma wakijua kwamba msimu wao mzima umebaki kwenye mchezo mmoja. Ligi Kuu ilikuwa imemalizika wakiwa na pointi 68, sawa kabisa na Yanga, na kombe likaenda Jangwani, kwa Yanga, kwa tofauti ya mabao. Simba walikuwa hawajagusa mashindano ya Afrika tangu 2013. Njia iliyobaki ya kutoka nje ya nchi ilikuwa Kombe la Shirikisho, lile ambalo mitaani bado linaitwa Kombe la FA.

Aliyesimama kwenye njia hiyo alikuwa Mbao FC ya Mwanza. Timu hiyo ilikuwa kwenye msimu wake wa kwanza Ligi Kuu, na hata huko ilipanda baada ya Shirikisho la Soka Tanzania, TFF, kuziadhibu timu kadhaa za daraja la kwanza kwa kashfa ya kupanga matokeo. Chini ya kocha Mrundi, Etienne Ndayiragije, Mbao waliwatoa Yanga kwenye nusu fainali kwa bao 1-0 pale CCM Kirumba. Wakashuka Dodoma wakiwa hawana cha kupoteza.

Dakika 90 zilikwisha bila bao. Muda wa nyongeza ukaleta kizaazaa: Frederic Blagnon akaipa Simba bao la kuongoza, Ndaki Robert akasawazisha, na mechi ilipokuwa inaelekea kwenye matuta ikatolewa penalti. Shiza Kichuya akaiweka kimiani. Simba 2, Mbao 1.

Kwa mkazi wa Busi, kata iliyo kwenye milima ya Kondoa, hiyo ndiyo fainali kubwa ya mtoano iliyomsogelea kuliko zote. Kutoka Kondoa mjini hadi Dodoma ni kilometa zipatazo 160. Aliyetaka kuiona aliweza kupanda basi, akashangilia, akalala kwa ndugu, kesho yake akarudi shambani. Kuanzia 2018 hadi 2025 zilichezwa fainali nane nyingine, na hakuna hata moja iliyorudi Dodoma. Hoja ya makala haya ni kwamba zimekuwa nyingi mno, na kwamba TFF inao uwezo wa kurekebisha jambo hili bila gharama kubwa: itangaze miji ya fainali mapema, kwa zamu inayojulikana, na isiibadilishe.

Haki kwanza itendeke kwa TFF yenyewe. Tangu mashindano haya yafufuliwe msimu wa 2015/16, ni fainali ya kwanza pekee, ya Mei 2016, iliyochezwa Dar es Salaam, Yanga wakiifunga Azam 3-1. Baada ya Dodoma, kombe lilizunguka nchi kwa namna ambayo ligi haijawahi kuzunguka. Mwaka 2018 lilikwenda Arusha, Uwanja wa Sheikh Amri Abeid, ambako Mtibwa Sugar waliwafunga Singida United 3-2. Mwaka 2019 likafika Lindi, Uwanja wa Ilulu: Azam 1, Lipuli ya Iringa 0, mfungaji Obrey Chirwa. Mwaka 2020 likaingia Sumbawanga, Simba wakiwafunga Namungo 2-1 kwenye Uwanja wa Nelson Mandela.

Julai 2021 ikawa zamu ya Kigoma, na safari hii waliofika fainali ni Simba na Yanga wenyewe. Watu wa mwambao wa Ziwa Tanganyika, ambao maisha yao yote pambano la watani wa jadi walilisikia redioni au kulilipia kwenye kibanda umiza, waliliona kwa macho yao. Kichwa cha Mganda Taddeo Lwanga kiliamua mchezo, 1-0 kwa Simba.

Mwaka uliofuata Arusha ilipata fainali ambayo huenda ndiyo tamu kuliko zote. Abdul Suleiman, maarufu kama Sopu, aliifungia Coastal Union mabao matatu dhidi ya Yanga, mechi ikaisha 3-3 baada ya dakika 120, kisha Coastal wakaangukia matutani 4-1. Uzito wa alichofanya kijana yule unaonekana vizuri ukipima na Uingereza, ambako kombe hili lilizaliwa. Katika zaidi ya karne moja na nusu ya Kombe la FA la huko, ni wachezaji watatu tu waliofunga mabao matatu kwenye fainali: William Townley wa Blackburn Rovers mwaka 1890, Jimmy Logan wa Notts County mwaka 1894, na Stan Mortensen wa Blackpool mwaka 1953. Wote watatu waliondoka na kombe. Sopu aliondoka na mpira wake na medali ya mshindi wa pili.

Uingereza inafaa kutazamwa kwa sababu nyingine pia. Wanaotaka fainali ya Tanzania ikae Dar es Salaam moja kwa moja hupenda kutaja Wembley: kombe kubwa, wanasema, lina nyumba yake. Historia ina mizunguko zaidi ya hapo. Fainali ya kwanza, Machi 16, 1872, ilichezwa kwenye uwanja wa kriketi wa Kennington Oval, London, mbele ya watazamaji wapatao 2,000, Wanderers wakiwafunga wanajeshi wa Royal Engineers 1-0. Mwaka uliofuata ikahamia Lillie Bridge. Mwaka 1893 ilipelekwa Fallowfield, Manchester, na mwaka 1894 Goodison Park, Liverpool. Wembley ilianza kuipokea mwaka 1923 tu, na siku ya kwanza nusura iwe balaa: idadi rasmi ilikuwa watu 126,047, lakini inakadiriwa waliojipenyeza waliifikisha hesabu zaidi ya 200,000, hadi polisi aliyepanda farasi mweupe akalazimika kuusukuma umati kutoka uwanjani ili Bolton na West Ham wacheze. Na Wembley ilipobomolewa ijengwe upya, fainali za 2001 hadi 2006 zilichezwa Cardiff, ambayo iko Wales, nje kabisa ya England.

Kuna kisa cha mwaka ule wa kwanza kinachomhusu zaidi mtu wa Busi. Queen's Park ya Glasgow ilisafiri hadi London kucheza nusu fainali kwa nauli iliyochangwa. Ikatoka sare na Wanderers. Mechi ilipaswa kurudiwa, lakini Waskoti hawakuwa na fedha za kubaki London wala za kurudi tena. Wakajitoa, Wanderers wakapita, na hao hao ndio waliotwaa kombe. Tangu siku ya kwanza, basi, mtoano huu ulikuwa na mshindani asiyeandikwa kwenye ratiba: umbali.

Umbali ndio unaoamua hadi leo nani ashuhudie fainali Tanzania. Mwenye gari Masaki, Dar es Salaam, anaweza kuifuata popote. Mkulima wa mtama na alizeti wa Kondoa ana hesabu nyingine, na fainali humkuta kwenye kipindi ambacho hesabu hiyo ingewezekana. Nyanda za kati zina msimu mmoja wa mvua. Mei na Juni ni miezi ya kuvuna, na baada ya hapo mazao huingia sokoni. Ndiyo maana hata mashindano ya vijijini, yale ya kombe la diwani au la mbunge ambako bingwa huondoka na ng'ombe na mshindi wa pili na mbuzi, hushamiri wakati wa kiangazi. Watu wana nafasi na wana chochote mfukoni. Lakini nafasi hiyo haina faida kama mji wa fainali unajulikana wiki chache kabla ya mechi, kwa sababu nauli ya familia haipatikani kwa siku chache.

Yaliyoipata Babati mwaka 2024 yanaonyesha tatizo lilipo. Fainali ya mwaka huo ilitangazwa kuchezwa Uwanja wa Tanzanite Kwaraa, mjini Babati, makao makuu ya Manyara. Kwa watu wa Kondoa habari hiyo ilikuwa njema kuliko hata ya Dodoma, maana barabara ya lami ya Dodoma hadi Babati, kilometa 251, iliyozinduliwa mwaka 2018, inapita mlangoni mwao. Kisha mechi ikahamishiwa Zanzibar. Juni 2 Yanga na Azam wakatoka 0-0 kwenye Uwanja wa New Amaan, Yanga wakashinda kwa penalti 6-5. Mwaka 2025 fainali ikachezwa hapo hapo, Yanga wakiwafunga Singida Black Stars 2-0.

Zanzibar haina kosa. New Amaan ni uwanja mzuri uliokarabatiwa, una taa na una sehemu ya kuchezea ambako vigogo hucheza bila visingizio. Visiwa vina haki ya kupokea fainali kama Lindi na Sumbawanga zilivyopokea. Ila miaka miwili mfululizo mahali pamoja, mara moja kati ya hizo kwa kuuchukua mwaliko wa mji mwingine, ni dalili kwamba mzunguko unategemea nani yuko tayari siku ile. Utaratibu wa aina hiyo huishia kuzipa fainali sehemu zilizokwisha kujengewa viwanja, na kuziacha nyingine zikisubiri sababu ya kujengewa.

Zipo hoja za upande wa pili, na ni nzito. Uwanja wa Benjamin Mkapa unabeba watu 60,000, na mapato yake ya mlangoni hayawezi kulinganishwa na ya Jamhuri. Wenye haki za matangazo wanataka taa na sehemu nzuri za kuweka kamera. Makocha wanalalamikia viwanja vya mikoani, na mara nyingi wana haki ya kulalamika. Lakini zote hizo ni sababu za kutangaza mapema. Halmashauri inayojua mwaka 2026 kwamba fainali ya 2029 ni yake ina bajeti tatu za kusawazisha uwanja, kujenga vyoo na kuongeza majukwaa. Halmashauri inayoambiwa mwezi Aprili ina muda wa kupaka rangi ukuta tu.

Jirani wamethubutu. Fainali ya Kombe la Uganda ya mwaka 2017 ilichezwa Arua, mpakani na Kongo, na ya 2018 ikachezwa Bukedea, mji mdogo wa mashariki ambao Mganda wa Kampala angehitaji kuutafuta kwenye ramani. Kama Bukedea iliweza, Dodoma, ambayo ni makao makuu ya nchi na ina timu ya Ligi Kuu, Dodoma Jiji, haina sababu ya kuruka zamu kwa miaka minane.

Iko faida nyingine ambayo mashabiki wa timu ndogo wanaijua kwa uchungu. Mbao waliofika fainali 2017, Singida United ya 2018 na Lipuli ya 2019 wote waliteremka daraja mwaka mmoja, 2020. Uingereza nayo ina Wigan, waliowafunga Manchester City kwenye fainali ya Mei 2013 na kushuka daraja siku tatu baadaye. Kwa timu za namna hiyo, fainali ndiyo siku pekee ambayo nchi nzima huzitazama, na inapochezwa mkoani huacha kitu nyuma yake. Namungo ya Ruangwa, iliyopoteza fainali ya Sumbawanga, ilipata tiketi ya Afrika kwa kuwa Simba walikuwa pia mabingwa wa ligi, na ikafika hatua ya makundi ya Kombe la Shirikisho la Afrika. Huko walipoteza mechi zote sita. Hata hivyo, vijana wa Ruangwa waliona klabu ya wilaya yao ikipangwa kundi moja na Raja Casablanca na Pyramids ya Misri, na hilo hakuna ligi ya mkoa inayoweza kumwonyesha mtoto.

Hatua za kuchukua ni chache. Kabla ya raundi ya kwanza ya msimu, TFF na wadhamini wataje miji ya fainali tatu zijazo, mmoja kwa kila kanda, na Zanzibar ihesabiwe kama kanda kamili. Mji utakaoshindwa kutimiza masharti upokonywe mwaka mmoja kabla, na mbadala wake uwe umetajwa tangu mwanzo na uwe wa kanda ile ile: Babati ikishindwa, Dodoma ipokee. Sehemu ya tiketi za bei ya chini iuzwe kwanza katika wilaya za jirani kabla mabasi ya mashabiki wa Dar es Salaam hayajazimaliza. Tanzania itakuwa mwenyeji wa Kombe la Mataifa ya Afrika mwaka 2027 pamoja na Kenya na Uganda, na mtu wa Kondoa atayaona mashindano hayo kwenye televisheni, kama wengi wetu. Fainali ya kombe la nyumbani anaweza kuletewa karibu, na orodha ya miji mitatu ni ukurasa mmoja wa karatasi ambao TFF inaweza kuutoa msimu huu.