Kumbukumbu ya Umma Isifungiwe

Tarehe 11 Septemba, 1973, majeshi ya Chile chini ya Jenerali Augusto Pinochet yaliipindua serikali ya Rais Salvador Allende, iliyochaguliwa na wananchi. Uchunguzi wa Baraza la Seneti la Marekani ulidhihirisha mwaka 1975 kwamba serikali ya Marekani ilikuwa imetumia mamilioni ya dola kwa siri kumdhoofisha Allende. Wanajeshi waliteka redio, magazeti na vyuo. Lakini mikanda ya filamu ya Patricio Guzmán iliwaponyoka.

Guzmán alizaliwa Santiago mwaka 1941, akasomea utengenezaji wa filamu Hispania, na kurejea nyumbani mwaka 1971. Hakuwa na kampuni kubwa ya sinema ya kumtegemeza. Mikanda ilipoadimika nchini, Mfaransa Chris Marker, mtengenezaji filamu mwenzake, alimpelekea mikanda mipya. Kwa akiba hiyo, Guzmán na wenzake wachache walipita viwandani, mikutanoni na mitaani, wakapiga picha mijadala ya wafanyakazi, migomo ya wenye malori na foleni za chakula. Wapinzani wa Allende nao walihojiwa na kusikika, na hilo liliupa ushahidi huo uzito zaidi.

Gharama ya kazi hiyo ilikuwa kubwa. Baada ya mapinduzi, Guzmán alizuiliwa kwa takriban wiki mbili katika Uwanja wa Taifa, Santiago. Mikanda ilivushwa kwa siri kwa msaada wa Ubalozi wa Sweden, ikahaririwa nchini Cuba, na kati ya mwaka 1975 na 1979 zikatolewa sehemu tatu za filamu iitwayo Vita vya Chile. Mpiga picha wake, Jorge Müller, alikamatwa na polisi wa siri mwezi Novemba, 1974. Hakuonekana tena.

Utawala wa Pinochet ulikoma mwaka 1990, lakini hofu haikuondoka naye. Katika filamu yake ya mwaka 1997, Guzmán aliwaonyesha wanafunzi wa Chile picha zile za zamani. Baadhi yao waliyatetea mapinduzi kama walivyofunzwa. Wengine, baada ya kutazama, waliangua kilio. Televisheni ya taifa zima ilingoja hadi mwaka 2021 ndipo filamu ya Vita vya Chile ikaonyeshwa.

Wapo wanaodai kwamba kuyafukua ya kale ni kutonesha donda. Hoja hiyo haina msingi. Katika filamu ya Guzmán ya mwaka 2010, wanawake wa Chile wanaonekana wakichakura mchanga wa jangwa la Atacama wakitafuta mifupa ya ndugu zao. Kwa mama huyo donda halijapona hata litoneshwe.

Ni wazi, basi, kwamba kazi ya mpiga picha jasiri haitimii bila watu wengine wawili: mtumishi wa umma anayeitunza kumbukumbu isiharibiwe wala kufichwa, na mwalimu anayeifikisha darasani bila kuipunguza. Chile ilimpata mpiga picha mapema, lakini hao wawili walizuiwa kwa miaka mingi, na kizazi kizima kikalelewa katika giza. Hapana budi kila mwenye ufunguo wa kabati la nyaraka, na kila mwenye chaki mkononi, alipime jukumu lake kwa mfano huo.